Baraka za Saa Kumi na Mbili

Kule milimani juu ya mji wa Ocoa mtoto haamkii, anaomba baraka. Uwe na miaka mitano au hamsini, uwe umetoka kulala sasa hivi au umerudi kutoka ng'ambo, neno la kwanza kwa mama ni hilo: "Nibariki, mama." Na mama, hata kama ana sabuni machoni, ataitikia: "Mungu akubariki, mwanangu." Usipoomba umemtukana. Ukiomba juu juu ataitikia, lakini atakuwa ameliweka moyoni, na siku ya kulitoa utaijua mwenyewe. Yudelka Encarnación alizaliwa na kukulia humo, hakuhitaji kufundishwa. Ndiyo maana alichokifanya aliona haya hata kukitaja.

Huyu Yudelka kazi yake ilikuwa kujibu. Jijini Santo Domingo, katika jengo la vioo ambalo madirisha yake hayafunguki, kampuni yao ilijibu watu wa nchi nyingine waliokasirika: aliyepotelewa na begi, aliyekatwa fedha za hoteli asiyolala, aliyekaa uwanja wa ndege tangu alfajiri na watoto wanamlilia. Wenzake walijibu kwa kuongea, yeye alijibu kwa kuandika, na Mungu alikuwa amempa kipaji. Mtu angeanza na matusi ya nguoni, Yudelka angemwandikia mistari miwili, na mtu huyohuyo angeomba radhi. Wakubwa walipoona hivyo wakamwambia ayaandike majibu mengi, yawekwe akiba, kila mfanyakazi awe anayapasha moto na kumpakulia mteja. Wenyewe mezani waliyaita viporo. "Nipe kiporo cha begi!" "Una kiporo cha mgonjwa?" Kiporo kilichopendwa kuliko vyote kilisema: *Tunaelewa unachopitia, na jambo lako ni jambo letu.* Kwa maneno hayo Yudelka alipandishwa cheo, akawa kiongozi wa timu.

Cheo nacho kilikuja na mkia wake. Zamani, wakati wa zamu simu ya mfanyakazi ilifungiwa kabatini, na zamu ikiisha unaichukua unakwenda zako, huna deni na mtu. Akiwa kituoni anasubiri gari alimpigia mama yake, wakaongea mpaka gari lije, na pengine aliliacha la kwanza lipite. Kiongozi wa timu simu yake haifungiwi. Bosi wao, mwanamke mmoja aitwaye Licelot, aliamka kabla ya majogoo na neno lake lilikuwa moja tu: "Yude, upo?" Swali hilo halina jibu isipokuwa kuwepo. Yudelka alikuwepo akipiga mswaki, alikuwepo akila, alikuwepo chooni, Mungu amsamehe. Jumapili akijilaza, alikurupuka kila simu ilipolia, na mara nyingine alikurupuka hata pale ambapo haikulia.

Na katikati ya "upo" zote hizo kulikuwa na mama yake.

Bi Minga alikuwa mjane, anaishi peke yake na kuku wake na miti yake ya kahawa. Kusoma alisoma, kwa miwani, lakini hakuandika. Vidole vyake vilikuwa vya kuchambua kahawa, si vya kubofya herufi. Alituma sauti, na sauti za Bi Minga hazikuwa fupi. Angeanza na mvua, akapita kwa kuku, akaingia kwa jirani, akatokea kwa marehemu, na lile alilokusudia kusema lilikuja mwisho kabisa, baada ya "haya mwanangu, sikuchoshi." Ukimjua, unasubiri hilo "sikuchoshi" ndipo unatega sikio. Yudelka alimjua. Lakini kusubiri kunataka nafasi, naye nafasi aliyokuwa nayo ilikuwa ya kumeza chakula bila kutafuna.

Mwezi wa kwanza kampuni ikawaletea mkufunzi awafundishe kusawazisha kazi na maisha. Semina hiyo ya kupumzika ikawekwa Jumamosi, siku yao ya kupumzika. Makubwa! Mkufunzi alikuwa kijana nadhifu mwenye meno meupe, anatembea huku na huku kama aliyemwagiwa upupu. "Mnachoka kwa sababu mnajibu kila kitu saa ileile," aliwaambia. "Mawasiliano yanayojirudia yape ratiba. Yaendeshe, yasikuendeshe." Wakapiga makofi, wakapewa mikate na soda, wakarudi makwao wamechoka zaidi. Lakini neno lile lilimwingia Yudelka.

Jumatatu yake alimfuata Wilkin, yule wa mitambo, ambaye ndiye aliyeviwekea viporo njia ya kwenda vyenyewe kwa wateja.

"Mama yako anataka nini hasa?" Wilkin alimwuliza.

"Anataka kusikia nimeamka. Na nimwombe baraka."

"Si aambiwe basi kwamba umeamka? Mbona jambo dogo."

"Wilkin, baraka haiombwi na mashine."

"Kwani mashine inaomba kwa jina la nani? Bibi yangu hakujua kusoma wala kuandika. Barua zake aliandikiwa na mwalimu, akasomewa na padri, na machozi yalimtoka vilevile. Lete simu hapa."

Akashughulika nayo kidogo. Ujumbe wa kuomba baraka ukapangiwa saa kumi na mbili asubuhi, kila siku, utoke wenyewe hata simu ikiwa imezimwa. Na kila mama akituma sauti, ijibu.

"Lakini usiiache ijibu papo hapo," alisema Wilkin. "Atashtuka. Iache ikae kidogo, kama mtu aliyekuwa bafuni." Wakacheka wote wawili, na Yudelka ndiye aliyecheka zaidi.

Viporo vya mama yake aliviandika mwenyewe, kwa ufundi uleule. *Nibariki, mama. Nimeamka salama, niko njiani naenda kazini. Nakupenda.* Kingine: *Amina, mama, nakupenda. Siku njema.* Na vingine vya kubadilishana navyo, visije vikachosha. Kimoja alikikosea makusudi, kionekane kimeandikwa na mtu mwenye haraka. Alipomaliza kukikosea alikaa akakitazama, na uso ukamwaka moto, ingawa hapakuwa na mtu wa kumwona.

Asubuhi ya kwanza aliamka kumekucha. Akaiangalia simu: mama alikuwa ameshaombwa na ameshabariki, na binti alikuwa ameshashukuru, yote hayo Yudelka akikoroma. Alijiona mwizi. Halafu akajiona mjanja. Halafu akasikia harufu ya kahawa ya jirani, njaa ikamshika, akasahau.

Na ukweli usemwe, ilimfaa. Alilala. Aliacha kuwafokea vijana wa timu yake. Mashavu yalimrudi. Zile sauti za mama alijiwekea ahadi ya kuzisikiliza Jumapili, na Jumapili za mwanzo alizisikiliza kweli, akifua, kwa kuzikimbiza mara mbili, Bi Minga akitoa sauti ya kuku anayefukuzwa. Zikifika kwenye jogoo la Bi Chencha, jirani yao, alikuwa anaziruka. Baadaye akasema Jumapili ijayo. Jumapili ijayo nayo ikasema vivyo hivyo. Nafsi ilimsuta, hasa jioni akishuka ngazi, lakini alijiambia mama ameridhika, na mama akiridhika kosa liko wapi?

Juma Kuu lilipofika, Licelot akampa Ijumaa mpaka Jumapili. Yudelka akaondoka Alhamisi baada ya zamu, akafika kijijini kukiwa bado na mwanga. Bi Minga alikuwa mlangoni.

"Nibariki, mama."

"Mungu akubariki, mwanangu, na Bikira akufunike." Akamshika uso kwa viganja viwili, akampapasa mashavu, paji, kidevu, akakaa hivyo muda. Yudelka alijua ni hamu. Kwa furaha akaapa moyoni kwamba siku hizi tatu simu yake hataigusa. Akaizima, akaitumbukiza chini ya nguo kwenye begi.

Ijumaa Kuu ni siku ya maharage matamu, nyumba yoyote utakayopita chungu kiko motoni. Asubuhi ile, saa kumi na mbili bado haijagonga, Yudelka alikaa kwenye kigoda anamenya viazi vitamu, Bi Minga anakoroga maharage yaliyokwisha chujwa, na Bi Chencha, jirani wa ukuta kwa ukuta, alikuja na nazi zake na ulimi wake.

"Umenenepa, Yude," alisema Bi Chencha akikuna nazi. "Mji umekukubali."

"Napumzika siku hizi, shangazi."

"Anayepumzika haulizwi, anaonekana. Mimi mpaka nife. Na hata siku hiyo mtanigongea jeneza, Chencha, njoo utukunie nazi."

Wakaangua kicheko. Hapo simu ya Bi Minga, iliyokuwa juu ya kizingiti cha dirisha, ikalia mara moja.

"Nisomee, Chencha," alisema Bi Minga bila kugeuka. "Ni saa ya mwanangu hiyo." Kisha akajicheka mwenyewe. "Ona mazoea! Mwanangu si huyu hapa? Haya soma, tujue ni nani."

Bi Chencha akajifuta mikono kwenye gauni, akaishika simu mbali na uso, akasoma kwa sauti ya kanisani: "'Nibariki, mama. Nimeamka salama, niko njiani naenda kazini. Nakupenda.'" Akatazama juu ya ujumbe. "Ni Yudelka."

"Yudelka yupi?"

"Huyu. Ana picha yake, na lile gauni la njano." Bi Chencha akapiga ishara ya msalaba. "Jina la Baba na la Mwana! Minga, binti yako yuko njiani anaenda kazini, na yuko hapa anamenya kiazi."

Kisu cha Yudelka kilikuwa kimesimama katikati ya kiazi.

"Mtandao huo, mama," alisema. "Huwa unachelewa. Hiyo ni ya jana."

Njia ya mwongo fupi. Bi Minga aliendelea kukoroga, pole pole. "Ya jana ilikuja jana. Chencha alinisomea tukiwa tunafagia uwanja. Ilisema hivyohivyo." Akakoroga tena. "Na leo Ijumaa Kuu, mwanangu. Nani anakwenda kazini?"

Angeweza kuongeza uongo mwingine, alikuwa nao tayari mdomoni, na ulikuwa mzuri. Ila mama yake aligeuka, akamwelekea, na macho yake hayakutua usoni pa Yudelka bali pembeni kidogo, karibu na sikio. Yudelka aliona hilo bila kulielewa, na uongo ukamshinda.

"Ni mashine, mama. Niliipanga mimi. Inatuma yenyewe."

"Tangu lini?"

"Tangu mwezi wa kwanza. Nilikuwa nachoka, mama. Simu haininyamazii. Nilikuwa silali..."

"Na mimi nikikutumia maneno?"

"Inajibu."

"Mashine."

"Mashine, mama."

Bi Minga akauweka mwiko juu ya sahani, akajifuta mikono kidole kimoja kimoja. Hakupaza sauti. Afadhali angepaza. "Mimi kila asubuhi nasimama hapo mlangoni," alisema. "Nauelekeza uso wangu upande wa huko mjini. Nasema Mungu akubariki mwanangu, akuepushe na ajali na watu wabaya, akupe nguvu za kazi yako. Kila siku nasema, hata siku za mvua. Sasa niambie, Yudelka. Baraka zangu hizo zote zimekwenda kwa nani?"

Yudelka alitafuta jibu. Yeye, mtu wa majibu, aliyetuliza watu wa mabara mawili kwa siku moja! Kitu pekee kilichomjia ulimini ni *tunaelewa unachopitia*, na aliuonea kinyaa ulimi wake mwenyewe. Bi Chencha, ambaye hajawahi kukosa neno tangu abatizwe, aliinamisha kichwa akaanza kukuna tena kifuu kilichokwisha kukunwa.

Ndipo, kwa kutafuta pa kushika tu, Yudelka akauliza: "Mama, kwani Bi Chencha anakusomea? Miwani yako iko wapi?"

"Ebo!" Bi Chencha akatupa kifuu. "Unauliza miwani? Mtoto wewe, unauliza miwani? Wale madaktari walipokuja kanisani, sikukuu ya Bikira wa Altagracia, mwezi uleule wa kwanza, hawakumwambia ana presha ya macho? Hawakumpa karatasi ya kwenda hospitali upesi, kabla jicho halijazimika? Alikutumia sauti mimi nimekaa hapohapo ulipokaa wewe! Alikuomba uje umpeleke, anaogopa kwenda peke yake!"

"Chencha, nyamaza," alisema Bi Minga.

"Sinyamazi."

"Nyamaza, nimesema. Nitasema mwenyewe." Akavuta kiti, akakipapasa kwanza, ndipo akakaa. "Nilikuambia, mwanangu. Ukanijibu, *Amina, mama, nakupenda, siku njema.* Nikasema, Yudelka ana akili kuliko mimi. Lingekuwa jambo la hatari angeshtuka, angepiga simu palepale. Hakushtuka. Basi na mimi nikaona nisishtuke."

"Na sasa?"

"Hili la kushoto naona. Hili la kulia lilianza kama moshi. Sasa hata moshi sioni."

Jana mlangoni, basi, mikono ile usoni pake haikuwa ya hamu tu, ilikuwa inatafuta kuona. Yudelka alikaa na kile kiazi mkononi, akalia, si kwa kelele, alilia kama mtoto aliyekosa na anajua. Mama yake hakumwambia nyamaza. Alikaa tu, amemwelekezea uso pale pembeni kidogo, mpaka maharage yakaanza kushika chungu na Bi Chencha akayaokoa.

Mchana, bakuli zilipokuwa zinapelekwa nyumba kwa nyumba, Yudelka alikwenda nyuma, kwenye miti ya kahawa, akaitoa simu kwenye begi akaiwasha. Zile sauti zilikuwepo zote, zimejipanga, za mwanzo zimeachwa katikati, nyingine hazijaguswa. Akaitafuta ile ya sikukuu ya Altagracia, na safari hii hakuikimbiza. Bi Minga alianza na mvua. Akapita kwa kuku. Akaingia kwa jogoo la Bi Chencha, ambalo limemparua mtoto wa katekista. Akamkumbuka baba yake Yudelka, kwamba angekuwa hai angelila jogoo hilo. Akasema, haya mwanangu, sikuchoshi. Kisha mtu anameza mate. "Kuna kitu wamesema kuhusu macho yangu. Naogopa, Yude. Ungepata siku moja tu, ukanishika mkono. Lakini kama huna nafasi usijali, najua kazi." Akacheka kile kicheko cha mtu mzima anayeona aibu kuomba.

Chini yake, jibu. *Amina, mama, nakupenda. Siku njema.* Na halikuja papo hapo. Lilikuwa limesubiri kidogo, kama alivyoagiza Wilkin, kama mtu aliyefikiri kwanza.

Yudelka alichuchumaa palepale, akauziba mdomo kwa kiganja. Kuna kosa la mtu aliyeghafilika, na kuna kosa la mtu aliyekaa chini akalipanga, akalipamba, akaliwekea na kosa la herufi. Lake lilikuwa la pili, na hakujidanganya.

Aliifuta ile programu, kisha akamwandikia Licelot kwamba Jumatatu hatafika, anampeleka mama yake hospitali, jicho limezimika na la pili liko hatarini. Aliandika kirefu, kwa mara ya kwanza maishani mwake bila ufundi. Jibu lilikuja baada ya muda kidogo. *Tunaelewa unachopitia, Yudelka, na jambo lako ni jambo letu. Hata hivyo Jumatatu ni siku ya wateja wengi.* Aliyatazama maneno yale. Alikumbuka mpaka meza aliyokuwa amekalia alipoyaandika. Alijua sasa yakoje yakifika, na hakuweza kumlaumu Licelot hata kidogo. Akaandika, "Sitafika," akaizima simu.

Siku mbili zile hazikuwa rahisi. Asubuhi aliomba baraka, na Bi Minga aliitikia, "Mungu akubariki," lakini aliitikia haraka, mikono yake ikiendelea na kazi nyingine. Hakukuwa na mvua wala kuku wala marehemu. Yule mwanamke ambaye hakuwahi kumaliza habari sasa alizimaliza zote kwa neno moja. Yudelka alifua, akapika, akaokota mayai, akaziba paa la banda. Bi Minga alimwambia asante. Asante ya mgeni kabisa.

Jumatatu wakashuka mjini Ocoa kwa daktari wa macho. Njiani Yudelka alipanga la kusema. Angemwambia daktari ukweli wote, mbele ya mama yake, bila kupunguza. Aliona kwamba hilo angalau ndilo analodaiwa: mtu mmoja wa nje ajue kosa ni la nani, na mama asikie likitamkwa.

Daktari alikuwa mwanamke kijana, mwenye mikono mepesi. Alimpima Bi Minga jicho moja, akampima la pili, akarudia. Kisha akavuta kiti karibu yao. La kushoto, alisema, tutaliokoa, tukianza dawa leo na upasuaji usichelewe. La kulia limekwisha. Presha ya macho ikishakula haitapiki. Halafu akaichukua ile karatasi ya madaktari wa kanisani, iliyokuwa imekunjwa mpaka ikachanika kwenye mikunjo.

"Mama, hapa umeandikiwa uje upesi," alisema. "Ungekuja wakati ule yote mawili yangepona. Imekuwaje mkachelewa namna hii?"

Yudelka akanyanyua uso. "Daktari," alianza, "ni mimi..."

Bi Minga akamshika mkono. Aliutafuta kwanza kwenye magoti, akaupata, akaubana kwa nguvu ambayo Yudelka hakujua bado anayo.

"Ni mimi, daktari," alisema Bi Minga. "Niliogopa kisu. Huyu binti yangu amenisihi nije, jamani, amenisihi! Kila asubuhi, hajanywa hata kahawa yake, ananiandikia: mama, nenda hospitali, mama, usichezee macho. Ana kazi kubwa mjini, lakini hajaruka siku hata moja. Muulize jirani yangu. Mimi ndiye mkaidi."

Daktari akatingisha kichwa, akamtazama Yudelka, na macho yake yakalainika. "Hongera, dada," alimwambia. "Wazee wanaokuja hapa, wengi hawana hata mtu wa kuwauliza wameamkaje. Laiti wote wangekuwa na binti kama wewe."

Yudelka alifungua mdomo. Mkono wa mama yake ukambana zaidi.

"Asante, daktari," akasema Yudelka.